Ni Nani Mwenye Amri ya Kupunguza Hukumu?

Twaulizwa mara kwa mara na ndugu zetu wa mjini: mtu akiisha kuhukumiwa kwa jinai, ni nani katika serikali awezaye kumpunguzia adhabu? Na hawatuulizi kwa kupenda elimu tu. Wako wazee waliouza minazi na vyombo vya dhahabu wakampa mtu aliyewaahidi kulifikisha jambo la kijana wao kwa gavana. Basi yatupasa tulieleze.

Gavana hana amri hiyo, wala bunge la kaunti, wala Kadhi. Katiba ya mwaka 2010 imempa Kadhi hali ya mtu, ndoa, talaka na mirathi baina ya Waislamu; jinai haimo. Milango ni miwili. Wa kwanza ni mahakama iliyo juu ya ile iliyohukumu, na muda wa kukata rufani kutoka kwa hakimu ni siku 14. Wangapi wameziacha zikapita huku wakimngojea mwenye kuahidi! Wa pili ni Rais, naye hafanyi kwa kupenda kwake peke yake, bali kifungu cha 133 chamtaka afuate shauri la kamati ambayo mwenyekiti wake ni Mwanasheria Mkuu. Hapo aweza kusamehe kabisa au kwa sharti, kuahirisha adhabu, kuibadili kwa iliyo nyepesi, au kuiondoa yote au sehemu yake. Mwaka 2009 Rais Kibaki aliwageuzia watu zaidi ya 4,000 hukumu ya kifo kuwa kifungo cha maisha, na mwaka 2016 Rais Uhuru Kenyatta akawafanyia vivyo hivyo watu 2,747.

Ama katika sheria yetu, kwanza huulizwa haki ni ya nani. Safwan bin Umayya aliibiwa shuka yake, akamshika mwizi na kumpeleka kwa Bwana Mtume (S.A.W.). Hukumu ilipotoka, Safwan akaingiwa na huruma, akataka kumwachia. Mtume akamwuliza mbona hakufanya hivyo kabla ya kumleta. Na Usama bin Zayd alipomwombea mwanamke wa Bani Makhzum, watu wa nasaba kubwa, Mtume alighadhibika, akabainisha kuwa umma za kale ziliangamia kwa kumwacha mkubwa na kumwadhibu mnyonge. Katika hudud, basi, hata mkuu wa dola hana la kupunguza. Katika kisasi cha damu, mwenye kusamehe ni walii wa aliyeuawa, kama ilivyo katika Suratul Baqara, aya ya 178. Katika taazir ndipo mtawala ana nafasi.

Hukumu za mahakama za Kenya si hudud. Sisi twaona mlango wake ni ule wa taazir, na kuomba zipunguzwe si dhambi. Mtu asimtolee mama hadithi ya Usama ili amzuie kumwandikia Rais. Lililo haramu ni rushwa, na ile desturi ya kutafuta jina kubwa ili mtoto wa fulani atoke na mwenziwe wa kibanda cha makuti abaki.

Na liko jambo tulionalo likisahauliwa sana. Barua ya ombi hutiwa saini na mzee wa mtaa, na mwalimu, na imamu pia, wala hakuna aliyepiga hodi nyumbani kwa yule aliyeibiwa au kujeruhiwa! Hata Katiba imeiruhusu kamati kuyatazama maoni ya waliodhulumiwa. Rais akisamehe, amesamehe iliyo haki ya dola. Deni la mja lingali shingoni mwa mwenyewe, jela asiwemo.

Wengine watasema, twaona haya kwenda. Na aende baba, au mjomba wake, na kilichoibiwa au thamani yake mkononi, na siku hiyo asichukue karatasi yoyote ya kutiwa saini.