Kofia Aliyowavisha Wenzake

Ndugu zangu, tunao akina mama waliojitwisha mizigo mizito kwa niaba yetu sote: huyu anaendesha madrasa, yule shule ya chekechea, mwingine kituo cha yatima ambacho unga wa kesho haujulikani utatoka wapi. Tunawaita mama, na wanastahili jina hilo. Lakini limezuka jambo linalotutia aibu, na kulinyamazia si kuwastahi.

Mtoto husimamishwa mbele ya kamera, kiroba cha unga kikawekwa miguuni pake, mfadhili kulia, mkuu wa kituo kushoto. Wote hutabasamu isipokuwa mtoto. Picha ikishapigwa, lifungue daftari la kituo: ukurasa wa mapokezi umejaa hadi pembeni, ukurasa wa matumizi mweupe. Simaanishi kwamba kila ukurasa mweupe unaficha wizi. Mara nyingi ni uchovu tu. Hata hivyo, amana haina budi kuandikwa, kwa kuwa mwenye haki nayo ni mdogo na hana sauti ya kuidai.

Nikiwaza haya humkumbuka Nana Asma'u wa Sokoto, kaskazini mwa Nigeria ya leo. Alizaliwa mwaka 1793, binti wa Shehu Usman dan Fodio, dada wa Khalifa Muhammad Bello, mke wa waziri Gidado. Mwenye nasaba ya namna hiyo angeweza kukaa akatumikiwa. Yeye alisoma akabobea, akatunga mashairi kwa Kiarabu, Kifulfulde na Kihausa. Vita alivyoviongoza baba yake kuanzia mwaka 1804 vilikuwa vimeacha wajane na watu wasio na makao, na huko vijijini wanawake wengi hawakuwa na wa kuwafundisha dini yao.

Ndipo, katika miaka ya 1830, akaanzisha utaratibu ulioitwa 'Yan Taru. Kila kikundi cha kijijini kilikuwa na kiongozi wake mwanamke, aliyeitwa jaji, ambaye Nana alimvisha malfa, kofia pana ya majani iliyofungwa kitambaa chekundu. Jaji aliwaongoza wenzake hadi Sokoto, wasichana pamoja na watu wazima waliokwisha lea. Walihifadhi mashairi ya mafunzo kwa moyo, wakarudi kuwafundisha wanawake waliobaki nyumbani wakilea watoto wachanga. Wageni wale hawakwenda mikono mitupu, na walichokileta Nana alikigawa kwa wenye shida. Sadaka ilipita mkononi mwake, haikulala.

Kinachonigusa zaidi ni ile kofia. Nana alikuwa na heshima yake tangu kuzaliwa, na bado akaigawa: aliwavisha wengine uongozi, wakatambulikana njiani kwamba ni walimu. Alipofariki mwaka 1864 kazi haikuzikwa naye. 'Yan Taru wangalipo. Sisi tunavyo vituo ambavyo mama akilazwa hospitali wiki mbili, hakuna ajuaye ufunguo wa stoo uko wapi wala nani mwingine anaweza kutia sahihi benki. Huenda mama huyo ana nia safi kabisa. Lakini nia safi isiyomwandaa mwenzake huwaacha yatima wakiwa yatima mara ya pili, na kiongozi anayeogopa msaidizi hodari na ajiulize kwa siri anamtumikia nani.

Na sisi tulio nje, tusijitakase. Tunatoa sadaka, tunaona haya kuuliza hesabu, kisha tunauliza barazani, mama mwenyewe hayupo: gari kalipata wapi, mumewe anamruhusuje kutwa nzima nje? Hilo la pili hatujapata kumuuliza mwanamume anayeongoza shule. Kumuuliza mtu hesabu ana kwa ana ni kumheshimu. Kumsengenya ni kumla nyama.

Basi mwezi huu, tukipeleka mchango, tuombe kwa adabu kuliona daftari. Mama akilitoa, tukae chini tulisome naye ukurasa kwa ukurasa. Tukikuta pengo, tumwambie yeye kwanza, na kama hana wa kumsaidia kuandika, ajitokeze mmoja wetu mwenye mwandiko mzuri na saa moja ya Jumamosi.