Kuacha Kutoa Bila Kusema



Swali langu ni dogo, na ninalo tangu likizo ya Idi. Mtu akiwa anatoa sadaka ya hiari kila mwezi, kisha akaacha, je, amefanya kosa lolote? Nikiwauliza wenzangu darasani, jibu huja haraka: sadaka ni hiari, aliyeacha hana dhambi. Kifiqhi jibu hilo lina nguvu. Sisi tunaosoma madhehebu ya Imam Shafi tunajua kwamba zawadi haiwi mali ya mpewa mpaka aipokee. Pesa ya mwezi ujao bado ni yangu. Hata ahadi, wanavyuoni wengi wanasema kuitimiza kunapendeza na kuivunja ni makuruhu, na Imam Nawawi ameligusa jambo hili katika al-Adhkar, lakini hakuna kadhi atakayekulazimisha ulipe.

Kwa hiyo sikuvunja sheria. Sasa nieleze nilichofanya.

Mwalimu aliyenisomesha Juzuu Amma kule Arua alifariki nikiwa bado sekondari. Nilipoingia chuo nilipata kazi ya jioni kwenye kibanda cha fotokopi, nikaanza kumtumia mjane wake, ambaye sote tunamwita Mama Mwalimu, shilingi 20,000 kila Ijumaa ya kwanza ya mwezi. Sikuahidi kitu. Nilituma tu kwa simu, naye akinipigia kushukuru na kuniombea dua. Tukaenda hivyo miezi 14.

Mwezi wa pili mwaka huu kibanda kilifungwa. Hiyo ndiyo sababu niliyojipa. Lakini nikiwa mkweli, mwezi ule ule niliendelea kununua bando na kula roleksi ya mayai mawili karibu kila usiku. Chini yake kulikuwa na sababu nyingine. Rafiki alikuwa ameniletea maneno kwamba kijana mkubwa wa Mama Mwalimu amesema mbele ya watu, kwenye steji ya boda, kwamba mimi natuma pesa ili nitajwe. Liliniuma sana, labda kwa sababu halikuwa uongo mtupu. Ijumaa ya kwanza ikapita, sikutuma. Mwezi uliofuata hivyo hivyo. Na sikumpigia simu.

Kisa cha Sayyidna Abubakar (r.a.) na Mistah tunakifahamu sote, ila mimi nilizoea kukisoma kama kisa cha Bibi Aisha (r.a.) peke yake. Mistah bin Uthatha alikuwa jamaa wa Abubakar, maskini, muhajir, na mmoja wa waliopigana Badr. Abubakar alikuwa akimpa matumizi. Uzushi ulipozuliwa juu ya Bibi Aisha, Mistah alikuwa miongoni mwa walioueneza. Hebu pima uzito wake: mtu unayemlisha anamchafulia jina binti yako. Mwenyezi Mungu alipomtakasa Bibi Aisha, Abubakar akaapa kwamba hatampa tena Mistah kitu chochote. Nani angemlaumu? Ndipo ikashuka aya ya 22 ya Sura An-Nur, ikiwakataza wenye fadhila na wasaa kuapa kuwanyima jamaa, maskini na waliohama katika njia ya Allah, na ikiwauliza kama wao hawapendi kusamehewa. Abubakar akajibu kwamba anapenda, akayarudisha matumizi yale, na akasema hatayaondoa kamwe.

Angalieni ndugu zangu, aya haikusema Mistah hana hatia. Hatia alikuwa nayo. Aya inasema na mtoaji. Zile sifa tatu ilizozitaja, ujamaa, umaskini na kuhama, zote ni za Mistah, na hakuna hata moja iliyofutwa na ulimi wake. Siku moja baada ya uzushi alikuwa na njaa ile ile ya siku moja kabla. Kama kulikuwa na adhabu, ilikuwa na mlango wake mwingine. Chakula hakikuwa fimbo.

Na mimi wala sikuwa na Mistah. Mama Mwalimu hakusema neno. Katika kisa kile kuna mama mmoja tunayempita haraka, Umm Mistah, ambaye ndiye aliyemfikishia Bibi Aisha habari ya uzushi, naye alikuwa akimwapiza mwanawe kwa alilolifanya. Niliyemkatia mimi ni kama Umm Mistah.

Likizo ya Idi nikaenda nyumbani. Nilipita kwanza dukani kwa mwenzangu tuliyesoma naye madrasa. Akanieleza, bila kunilaumu maana hakujua yote, kwamba Mama Mwalimu alikuwa akichukua sukari, sabuni na mafuta ya kupikia kwa daftari, na kulipa kila wiki ya kwanza ya mwezi. Deni lilipopanda bila kulipwa, ikabidi amfungie daftari. Mimi sikujua hata kama kuna daftari. Pesa ambayo kwangu ilikuwa thawabu, kule ilikuwa imeshakuwa mpango wa nyumba.

Kwa Mama Mwalimu nikakaribishwa chai. Nikaanza kuzungusha maneno, akanikatiza.

“Mwanangu, umepona?”

“Sikuumwa, Mama.”

“Alhamdulillahi. Niliona kimya, nikasema huyu mtoto ama anaumwa ama ametutoka. Nikaogopa kupiga, nisije nikaambiwa. Nimekuwa nikikusomea Yasin.”

Chai ile haikuwa na sukari, na sikuuliza.

Usiku ule nilimkumbuka Ali bin Husein, Zainul Abidin, mjukuu wa Sayyidna Ali (r.a.). Wanahistoria wanasimulia kwamba Madina kulikuwa na watu maskini walioletewa chakula usiku wasijue anayeleta ni nani. Alipofariki, chakula hakikuja tena, na hapo ndipo walipojua aliyekuwa akileta. Mwili wake ulipooshwa, mgongoni zilionekana alama za mizigo aliyokuwa akiibeba. Kwa mtu kama yule, kuacha kulikuwa na maana moja tu. Mama Mwalimu alinipima kwa kipimo hicho hicho: sadaka imekatika, basi mwenyewe atakuwa amekatika. Hakuwaza kwamba nimekasirika na kijana wa steji.

Hapa ndipo jibu la haraka la darasani liliponitosha kidogo tu. Katika madhehebu ya Imam Malik ipo kauli mashuhuri kwamba ahadi hulazimu pale aliyeahidiwa alipoingia katika gharama kwa sababu yake. Mfano wanaoutoa ni mtu kumwambia mwenzake abomoe nyumba yake, naye atamkopesha ya kujengea upya. Mwenzake akishabomoa, huwezi tena kusema ulikuwa unazungumza tu. Mimi sikuahidi kwa mdomo, na sidai kwamba hukumu ile inaniangukia. Lakini Ijumaa za kwanza 14 mfululizo zina ulimi wake, na mtu alizisikia akaenda kukopa sukari.

Ndugu mmoja wa jumuiya nilipomweleza haya alisema: kama kuacha ni kuzito hivi, bora mtu atoe mara moja msikitini na aondoke zake akiwa huru. Sikumcheka. Wako wengi wanaofikiri hivyo. Lakini kuna hadithi ya Bibi Aisha (r.a.) tunayoijua kwamba amali inayopendeza zaidi kwa Allah ni ile inayodumu, hata ikiwa kidogo, na tukitoa mara moja moja ili tusifungwe, tutakuwa tunaikimbia amali hiyo hasa. Kisha, nadhani ndugu yangu anachanganya kuacha na kunyamaza. Kuacha kuna mlango. Katika Sura Al-Isra, aya ya 28, Mtume (s.a.w.) anafundishwa kwamba ikimbidi kuwaacha wahitaji kwa sababu hana, huku akitaraji rehema ya Mola wake, basi awaambie neno laini. Aya inayofuata inakataza mkono kufungwa shingoni, na inakataza pia kuukunjua wote ukabaki huna kitu. Hakuna anayedaiwa asichokuwa nacho. Kinachodaiwa ni neno. Mimi pesa zilipungua kweli, lakini dakika mbili za simu hazikunishinda.

Sura An-Najm inamtaja mtu aliyetoa kidogo kisha akakatiza, na wafasiri wanasema neno lililotumika linatokana na mchimba kisima anayefika kwenye mwamba akashindwa kuendelea. Aya ile ni ya mtu aliyeipa haki mgongo, si yetu kutupiana. Lakini picha yake ilinikaa. Mimi sikufika kwenye mwamba. Nilikutana na kijiwe.

Hili si la watu binafsi tu. Jumuiya yetu ina orodha ya wachangiaji wa kila mwezi, na kila mwaka Ramadhani ikiisha orodha hufupika. Mtunza hazina hajui nani amehitimu, nani amekosa, nani amekasirishwa na uongozi. Wote wanafanana: kimya. Na kama kituo unachokichangia kimeonekana kula pesa za mayatima, itoe pesa yako huko, hiyo ni amana. Ila yatima hakula. Uongozi uambiwe kwa nini umetoa, na pesa itafutiwe njia nyingine ya kumfikia yeye.

Nilimwambia Mama Mwalimu ukweli, isipokuwa habari ya kijana wake. Sasa natuma 10,000, na nimemweleza mapema kwamba nikihitimu mwakani huenda ikapita miezi bila kazi, na kwamba nitapiga simu kabla ya Ijumaa, si baada yake. Akasema simu inatosha. Deni la dukani nimelichukua mimi, mwenye duka amenigawia miezi mitatu. Na yule kijana wake bado sijakaa naye. Siku ya kuondoka nilimwona steji kwa mbali, nikapanda boda ya mtu mwingine.

Wallahu aalam.