Uzee, Matamanio na Haki ya Mhusika wa Kike

Mabadiliko ya nafasi ya wanawake wazee katika filamu na televisheni za Marekani aghalabu hupimwa kwa idadi ya wahusika. Kipimo hicho hakitoshi. Swali la kimaadili ni hili: je, mwanamke mzee aweza kujitamania jambo pasi na kuadhibiwa na hadithi yenyewe?

Katika Sunset Boulevard (1950), Norma Desmond, mwigizaji wa miaka 50, anatamani kupendwa na kurejea mbele ya kamera. Matamanio hayo yanaishia katika mauaji na wazimu. Tamthilia ya televisheni The Golden Girls (1985–1992) iliwaruhusu wanawake wanne kutamani waziwazi, ila chini ya hifadhi ya kicheko. Kicheko hicho humwondolea mhusika aibu. Humwondolea pia mtazamaji wajibu wa kumsadiki.

Nomadland (2020) inakwenda mbali zaidi. Fern, mjane anayekaribia umri wa kustaafu, anayaacha makao anayokaribishwa na mwanamume anayempenda, akarudi barabarani. Filamu haimcheki wala haimwadhibu. Hata hivyo haiufichi ufukara unaoubana uhuru wake. Basi mhakiki anayepima haki ya mhusika huyu hana budi kuchunguza ameachiwa uamuzi gani, na gharama yake inabebwa na nani.