Mali na Kadiri Yake

Ilipokuwa ikitungwa taarifa ya Benki ya Dunia ya mwaka 1992 juu ya maendeleo na mazingira, waandishi wake walichora mstatili mmoja wakauandika "uchumi", mshale mmoja ukiingia na mwingine ukitoka, na kando yake pasiwe na kitu. Herman Daly, mchumi Mmarekani aliyekuwa mwajiriwa wa benki hiyo tangu 1988, alipoletewa rasimu ili aitolee maoni, alishauri mstatili ule uzungushiwe mwingine mkubwa zaidi uitwao mazingira, kusudi msomaji atambue kuwa kila kiingiacho katika uchumi hutoka humo na kila taka itokayo hurudi humo humo. Rasimu ya pili ikaja na mstatili mkubwa usio na jina wala maelezo, fremu tupu ya picha. Na alipoteta tena, rasimu ya tatu haikuwa na mchoro kabisa.

Watu wenye elimu kubwa hawafuti mchoro bure. Mstatili wa nje ukishapewa jina, huzuka swali lisilozuilika: wa ndani waruhusiwa kukua hadi wapi, madhali wa nje haukui? Nami naona kuwa swali hilo ni la dini kabla halijawa la hesabu, kwani kiumbe aishiye kwa maji na udongo na jua ambavyo hakuviumba yeye, hana haki ya kudai kuwa matakwa yake hayana kadiri. Daly, aliyekuwa Mkristo, hakulificha jambo hili: mwaka 1989 yeye na mwanateolojia John Cobb walitoa kitabu kilichofufua hoja ya kale ya Aristotle, kwamba kuitunza nyumba kuna kikomo, maana mahitaji ya maisha mema hutoshelezeka, ilhali kuchuma fedha kwa ajili ya fedha hakuna mwisho. Ni ajabu ya kusikitisha kwamba israfu ilaaniwayo mimbarini ikiwa ni ya mtu mmoja, ikifanywa na taifa zima huitwa ustawi.

Wapo wasemao kuwa soko likiachwa huru, kila kitu hujipanga mahali pake. Daly, aliyeiacha benki mwaka 1994 akaenda kufundisha Chuo Kikuu cha Maryland, aliwajibu kwa mfano ambao sisi watu wa pwani hatuhitaji kufafanuliwa: shehena yaweza kugawanywa sawasawa baina ya tezi na omo, hata chombo kisiinamie upande wowote, nacho kikazama kwa uzito vile vile.

Shaka iliyo nzito zaidi ni ya maskini. Nani atamwambia mwenye njaa kuwa dunia imejaa? Daly hakumwambia hivyo. Aliwataka matajiri wasimame ili maskini wapate nafasi ya kufikia kiasi cha kutosha, na tangu miaka ya 1970 alidai pato la mtu liwekewe kima cha chini na kima cha juu pia. Kima cha chini si wazo geni: Uislamu una nisabu, ambayo mali ikiifikia humwajibisha mwenyewe kutoa zaka. Lakini kima cha juu, ambacho mtu akikifikia aambiwe basi, wachumi wachache wamethubutu kukitamka, na nadhani ndicho kiwaudhicho wakubwa kuliko mchoro wowote. Maadamu uchumi unakua, maskini huambiwa asubiri zamu yake. Ukikoma kukua, haibaki njia ya kumshibisha ila kugawana naye kilichopo.