Waziri Aliyeingia Gerezani



Ugomvi wa Waprotestanti na Wakatoliki huko Ireland ya Kaskazini uliua watu zaidi ya 3,500 kwa miaka thelathini hivi. Januari 1998 mazungumzo ya amani yalikaribia kuvunjika. Bibi Mo Mowlam, waziri wa Uingereza aliyesimamia jimbo hilo, akaingia gereza la Maze, akaketi na wafungwa Waprotestanti wenye damu mikononi. Wengi walimlaumu. Lakini wafungwa walikubali, na mapatano yakapatikana tarehe 10 Aprili, siku ya Ijumaa Kuu.

Nasi je? Yuko jirani tuliyemnyima salamu tangu mavuno. Kabla ya kuikaribia Meza ya Bwana, twende kwake. Kristo hakungoja tutakasike ndipo atujie.

Amina.