Idhini ya Mzazi Kabla ya Simu Kuinuliwa

Jioni Jomvu Kuu, Mombasa, watoto wakishatoka chuoni na kufunga mikanda yao ya karate, kata (mfululizo wa miondoko ya karate) haijafika katikati simu nne tano zimeshainuliwa. Kabla ya isha, video ziko TikTok na kwenye magrupu ya WhatsApp. Nia ni njema: mzazi anajivunia mwanawe, sensei, mwalimu wa karate, anatangaza klabu yake. Lakini mtoto ana heshima yake, na sheria inaitambua.

Kifungu cha 33 cha Sheria ya Ulinzi wa Data ya Kenya ya 2019 kinataka idhini ya mzazi au mlezi kabla ya kutumia taarifa za mtoto, na sura yake ni mojawapo. Septemba 2023, Ofisi ya Kamishna wa Ulinzi wa Data iliitoza Roma School ya Uthiru, Nairobi, faini ya shilingi 4,550,000 kwa kuchapisha picha za wanafunzi bila idhini ya wazazi. Klabu ya mtaani nayo inaguswa na sheria hiyohiyo.

Basi sensei na aombe idhini kwa maandishi siku ya kumsajili mtoto, aeleze video itawekwa wapi na kwa kazi gani. Kumleta mtoto mazoezini si kuruhusu arekodiwe. Anayetumia taarifa ndiye anayetakiwa kuthibitisha kwamba aliruhusiwa, na mzazi anaweza kuondoa idhini wakati wowote. Akitaka video ifutwe, ifutwe bila kununiwa.

Mtoto naye aulizwe. Aliyeangushwa akalia asirushwe mitandaoni. Kesho yake atakaa darasa moja na waliomcheka.

Kisha video itazamwe upya kabla ya kutumwa. Jina kamili, nembo ya shule kwenye begi, na tangazo la siku na saa za mazoezi, vikikusanywa pamoja, vinamwonyesha mtu mbaya pa kumvizia mtoto. Gi (vazi la karate) iliyofunguka au mtoto akinyoosha viungo, hayo wapo wanaoyatafuta kwa nia chafu, yasirekodiwe kabisa. Na mzazi anayemrekodi mwanawe awaondoe watoto wa wenzake kwenye picha, au awaombe ruhusa wazazi wao.

Anayekuta video ya mtoto ikitumiwa vibaya asiisambaze, hata kwa kisingizio cha kuonya wengine. Apige 116, nambari ya kuwasaidia watoto: haina malipo, na hupokewa usiku na mchana.