Chuma Kitokacho katika Hofu

Aristotle, mwanafalsafa wa Kiyunani wa karne ya 4 kabla ya Kristo, aliandika katika kitabu chake juu ya siasa jambo ambalo limenirudia akilini mara nyingi siku hizi. Alisema kwamba lau chombo cha kufumia kingeweza kufuma chenyewe, na zeze likajipiga lenyewe pasipo mkono wa mpigaji, fundi mkuu asingehitaji wasaidizi, wala bwana asingehitaji watumwa. Yafaa ikumbukwe kwamba Aristotle hakuwa mpinzani wa utumwa; aliutetea. Lakini katika maneno hayo alikiri, yamkini bila kukusudia, kwamba mtumwa anashikiliwa kwa sababu chombo hakijui kujiendesha. Siku chombo kitakapojua, udhuru wa kummiliki mtu utakuwa umekwisha.

Nimeyakumbuka maneno hayo kwa sababu ya mchezo. Mchezo wenyewe ni Minecraft, uliobuniwa na Markus Persson wa Uswidi, ukaanza kuchezwa hadharani mwaka 2009 na kutolewa ukiwa kamili mwaka 2011. Mwaka 2023 ilitangazwa kwamba nakala zilizouzwa zimepita milioni 300, na hapana shaka wanafunzi wetu wenye kompyuta au simu nyumbani wanaujua kuliko sisi tunaowafundisha. Kwa wasioujua, huo ni ulimwengu uliojengwa kwa michemraba, kama matofali. Mchezaji huanza mikono mitupu: hukata mti kwa ngumi, huchimba mawe, hulima, na usiku hujikinga na maadui. Hakuna anayemwambia la kufanya.

Mpwa wangu, kijana wa sekondari, alinionyesha kwanza shamba lake la miwa. Nakiri lilinipendeza. Muwa wa mchezo huo hupandwa kando ya maji na kufikia urefu wa vipande vitatu. Mkabala na kipande cha tatu kijana ameweka kiangalizi, yaani jiwe lenye sura ya uso linalotambua badiliko lolote mbele yake. Muwa ukifika hapo, kiangalizi kinapeleka ishara kwa unga mwekundu unaofanya kazi kama waya wa umeme. Pistoni inasukuma kipande cha kati. Vipande viwili vya juu vinakatika na kuchukuliwa na maji hadi kwenye faneli, na faneli inavimimina ndani ya kasha. Kile cha chini kinabaki na kukua upya. Kijana halimi wala havuni. Akienda kuchimba au kujenga jirani na hapo, akirudi hukuta kasha limejaa.

Wako watakaosema kwamba mambo kama hayo yanawafundisha watoto uvivu. Mimi sioni hivyo. Mvivu hakai jioni tatu akitafuta ni kwa nini faneli moja inamimina haraka na nyingine inakwama. Kazi haikuondoka, imehama tu kutoka mkononi kwenda kichwani, na huko kichwani ilikuwa nzito zaidi. Shamba hilo la miwa ndilo zeze la Aristotle linalojipiga lenyewe, wala hakuna aliyeumia kwa ajili yake. Laiti mambo yangeishia hapo nisingekuwa na la kuandika.

Kisha akanionyesha jinsi anavyopata chuma.

Katika mchezo huo kuna vijiji, na ndani ya vijiji kuna wanakijiji wenye pua ndefu, wanaoamka asubuhi, wanaofanya kazi zao, wanaoguna wakipita, na usiku wanaolala vitandani. Wapo pia wafu watembeao, hao zombi, wanaowashambulia. Na yupo mlinzi, jitu kubwa la chuma, ambalo linatokea wanakijiji wanapoogopa na linapigana kwa ajili yao. Jitu hilo likimwona mtoto wa kijiji humnyooshea ua jekundu. Aliyelibuni hakuwa mtu mbaya.

Wachezaji waligundua kwamba jitu likiuawa huacha vipande vitatu hadi vitano vya chuma. Basi mtambo wenyewe ni huu, kama unavyojengwa katika toleo liitwalo Java. Wanakijiji watatu wanafungiwa katika chumba kidogo kila mmoja na kitanda chake. Mbele yao anawekwa zombi aliyefungwa, anayewaona na kuonwa nao, lakini asiyeweza kuwafikia. Wanamwona, wanaingiwa na kiwewe, na hofu yao inamleta mlinzi. Mlinzi anatokea mahali palipopangwa atokee, maji yanamsukuma, anaangukia kwenye lava, anateketea. Chuma kinashuka kwenye faneli. Wanakijiji wangali wanaogopa, hivyo baada ya muda mlinzi mwingine anatokea.

Liko jambo moja ambalo lilinifanya niinuke kitini. Mwanakijiji ambaye hakulala siku za karibuni hawezi kumleta mlinzi. Kwa hiyo katika miundo mingi wajenzi huweka kizuizi kinachompa zombi kuonekana kwa kitambo na kufichika kwa kitambo, ili wafungwa wapate usingizi kidogo. Usingizi huo si huruma hata chembe. Umepimwa kwa sababu hofu isiyolala haizai chuma.

"Mjomba, hawa si watu," mpwa wangu akaniambia alipouona uso wangu. "Hawa ni hesabu tu."

Alisema kweli, na ukweli huo hauna budi kutiliwa maanani kabla ya kuanza kuhubiri. Mwanakijiji wa Minecraft hana neva wala damu. Kiwewe chake ni amri iliyoandikwa katika programu: akionekana zombi, kimbia. Kumwonea huruma kwa namna ileile tunavyomwonea mbuzi aliyevunjika mguu ni kupoteza huruma mahali isipohitajika. Isitoshe, sisi sote tumecheza michezo yenye ukatili usio na majeruhi. Katika bao tunateka kete za mwenzetu na kuondoka nazo tukicheka. Katika sataranji askari hutolewa mhanga ili malkia apone, wala hakuna anayetanga matanga. Ikiwa mtambo wa chuma ni dhambi, kwa nini bao lisiwe dhambi?

Jibu la kwanza lililonijia ni la Immanuel Kant wa Ujerumani, aliyefundisha katika karne ya 18 kwamba mtu anayewafanyia wanyama ukatili hujifanya mgumu hata kwa wanadamu wenzake; kwa hiyo wajibu wetu kwa mnyama, kwa maoni yake, kwa hakika ni wajibu kwa utu wetu wenyewe. Tukilichukua wazo hilo tunaweza kusema kwamba mwanakijiji haumii, ila mjenzi wa mtambo anajizoeza ugumu. Lakini jibu hilo halinitoshi. Mpwa wangu ni mpole kuliko nilivyokuwa mimi katika umri wake. Nyumbani ndiye anayewalisha paka. Sijamwona akiwa mgumu, na siwezi kumsingizia kijana maradhi nisiyoyaona ili tu hoja yangu isimame.

Tofauti ya bao na mtambo huu iko kwingine, nami naiona katika namna kazi yenyewe inavyofikiriwa. Kete haikuumbwa iogope. Mchezaji mahiri wa bao hafikirii habari za kete; anafikiria mashimo na hesabu ya mwenzake. Mjenzi wa mtambo wa chuma, kinyume chake, hana budi kumfikiria mwanakijiji kwa makini sana: ataona nini akisimama hapa, atatishika kwa umbali gani, alale kiasi gani asiasi wala asikome kuzaa. Hayo ni maarifa ya mlinzi wa gereza. Na kadiri mtambo unavyosifiwa kwa ufanisi, ndivyo maarifa hayo yanavyotimia. Kijana amejifunza kumtazama kiumbe mwenye uso, sauti na kitanda, akamwona kama pampu. Simwiti mkatili. Nasema kwamba ni namna ya kutazama, na namna ya kutazama hufundishika.

Hapa ndipo Aristotle anaposhangaza. Alidhani chombo kikijiendesha mtumwa ataachiliwa. Katika mchezo huu, ambamo vyombo vinajiendesha kweli, wachezaji mahiri walirudi moja kwa moja kwa mateka. Si kwa chuma tu. Zamani walikuwa wakimwacha zombi amwambukize mwanakijiji mfanyabiashara, kisha wakamponya, kwa sababu aliyeponywa huwauzia vitu kwa bei nafuu. Wakamwambukiza tena na kumponya tena, ili bei izidi kushuka. Mwaka 2023 wenye mchezo walibadili kanuni, faida hiyo ikawa inapatikana mara moja tu. Wako waliolalamika kwamba wamenyang'anywa haki yao.

Sasa nije kwenye neno, maana sisi ni walimu wa lugha. Kwa Kiingereza wachezaji huyaita majengo hayo yote kwa neno lenye maana ya shamba, liwe la miwa au la chuma. Mpwa wangu naye husema "shamba la chuma". Nilimkataza. Nilimwambia shamba lina mkulima, na mkulima ana jembe na jasho. Mahali kiumbe anapovutwa ili auawe ni mtego, basi aseme mtego. Nikajiona nimeshinda.

Usiku ule sikulala vizuri, kwa maana nilikumbuka mashamba ya mikarafuu ya Unguja na Pemba. Katika karne ya 19 nayo yaliitwa mashamba, kwa Kiswahili safi kuliko changu, na mwenye shamba hakushika jembe. Waliolishika walikuwa watumwa walioletwa kutoka bara, wengine kutoka nchi hizi zetu za Maziwa Makuu. Soko la watumwa la Unguja lilifungwa mwaka 1873, na hadhi ya utumwa ikafutwa kisheria huko mwaka 1897. Karafuu ziliendelea kuvunwa, na neno likabaki. Kwa hiyo neno shamba halikuwa safi kama nilivyomwambia kijana. Lilikwisha kubeba maana anayoitumia, naye alilitumia sawasawa bila kujua. Asubuhi nikamwomba radhi kwa kumsahihisha asipokosea.

Niongeze jambo dogo juu ya neno zombi. Wengine wanapendekeza tuseme msukule, kama wasemavyo Tanzania. Neno linavutia, lakini tuangalie: katika masimulizi ya watu, msukule si yule anayetisha. Ni mtu aliyedhaniwa amekufa, kumbe amefichwa na mchawi na anafanyizwa kazi usiku pasipo ujira wala kauli. Tukifuata maana hiyo, katika chumba kile chenye vitanda vitatu msukule si zombi.

Sikumwamuru mpwa wangu auvunje mtambo. Ningekuwa na haki gani? Nilimpa zoezi tu, nami nawapendekezea wenzangu walijaribu darasani, kwani ni zoezi zuri la kauli za vitenzi. Nilimwambia aandike kwa Kiswahili jinsi mtambo unavyofanya kazi. Akaandika vizuri, ukurasa mzima: wanakijiji wanawekwa, zombi anafungwa, jitu linatokea, linateketezwa, chuma kinakusanywa. Kauli ya kutendwa kuanzia juu hadi chini, na hakuna mtendaji hata mmoja. Sarufi haikuwa na kosa. Nikampa kalamu nyekundu, nikamwambia aandike upya, na kila kitenzi akipe mtenda wake.

Alichukua muda mrefu. Sentensi ya kwanza ilisomeka: "Mimi ninawatisha wanakijiji watatu mchana na usiku ili nipate chuma." Aliitazama, akaniuliza kama kanuni zinamruhusu kuongeza neno "kidogo" baada ya "ninawatisha". Nikamjibu kwamba kanuni za sarufi zinamruhusu. Akashika kalamu, hakuliandika, akaenda kulisha paka. Mtambo bado upo, na kasha lake lina chuma kingi kuliko anavyoweza kutumia. Ndani yake mna pia maua mekundu, maana jitu likifa huacha na hayo, naye hajui la kuyafanyia.